J.J. Watt au Aaron Donald: ukitaka kuielewa kazi ya mstari wa mbele NFL, umfuate nani?

Watu wengi wakianza kuangalia NFL, ligi kuu ya mpira wa Kimarekani (American football), macho yote yanaenda kwa kotabeki, yule anayerusha mpira, sababu ndo anatangazwa, ndo yuko kwenye mabango, ndo analipwa kuliko wote. Sawa. Lakini mechi nyingi zinaamuliwa pale mbele yake, kwenye lile rundo la majitu ya kilo mia na thelathini yanayogongana kila mchezo unapoanza (mchezo hapa ni kila mpira unapoanzishwa, sio mechi nzima), na usipolielewa lile rundo utaangalia miaka mitano na bado utakuwa unashangaa kwa nini kotabeki mzuri leo kacheza ovyo. Njia rahisi ya kulielewa ni kuchagua mlinzi mmoja wa mstari wa mbele ukamfuatilia toka shule mpaka anastaafu. Na kwa kizazi hiki mimi naona majina ya kuanzia ni mawili, J.J. Watt na Aaron Donald, wote wameshastaafu kwahiyo kazi yao unaiona nzima, mwanzo mpaka mwisho.

Nawaandikia watu wa aina mbili. Kuna nyie mnaokesha mkiwa Dar, Nairobi au Muscat, mnaiangalia Super Bowl, fainali ya ligi, saa nane na nusu usiku (Muscat saa tisa na nusu) na mstari wa mbele mnauona fujo tu. Alafu kuna familia zetu zilizoko Marekani, Houston, Phoenix, Louisville na kwingineko, ambako kijana wa nyumbani kakua ghafla, mabega mapana, na kocha wa shule keshamwambia akasimame kwenye laini. Huyo kijana anahitaji mtu wa kumuiga na mzazi anahitaji kujua hii kazi inampeleka mtoto wake wapi na inamdai nini.

Kwanza wanavyofanana, maana ndo kinachofanya ulinganisho uwe mgumu. Wote walivaa namba 99. Wote waliingia NFL raundi ya kwanza ya drafti (timu zinapochagua wachezaji wapya kwa zamu), Watt akiwa wa 11 mwaka 2011, Donald wa 13 mwaka 2014. Wote wameshinda tuzo ya mlinzi bora wa mwaka mara tatu, kitu ambacho kabla yao alikifanya Lawrence Taylor peke yake. Saki (kumwangusha kotabeki kabla hajaachia mpira) Watt kamaliza na 114.5 kwenye mechi 151, Donald 111 kwenye mechi 154. Msimu bora wa Watt ni saki 20.5, msimu bora wa Donald ni saki 20.5. Na hii ndo naipenda zaidi, wote wamepita kwenye mikono ya Wade Phillips, mzee alikuwa anasimamia ulinzi wa Houston Texans Watt anashinda tuzo ya kwanza 2012, alafu akahamia Los Angeles Rams 2017 na Donald akashinda 2017 na 2018. Yani mwalimu mmoja, wanafunzi wawili, na bado kazi zao hazifanani hata kidogo.

Sasa tuanze na tofauti kubwa kuliko zote, wanaposimama.

Watt alikuwa mtu wa pembeni. Mara nyingi utamwona upande wa kushoto wa ulinzi kwenye mfumo wa watatu mbele, ingawa makocha walikuwa wanamzungusha, leo nje, dakika tano mbele yuko ndani. Ana urefu wa mita 1.96 na mikono mirefu, na ile mikono ndo silaha. Ukiwa pembeni una nafasi, unaweza kuzunguka nje, unaweza kukata ndani, na kama humfikii kotabeki unanyoosha mikono juu mpira unapoachiwa unaupiga chini. Msimu wa 2012 peke yake Watt alizuia pasi 16, kwa mtu wa mstari wa mbele hiyo namba ni kubwa sana, ni kazi ya mtu anayecheza nyuma kabisa akikaba wapokeaji. Ukiangalia vizuri utaona hakuwa anaruka ovyo, alikuwa anamsoma kotabeki, akijua hafiki anasimama, anasubiri mkono uende nyuma, ndo anaruka.

Donald alikuwa mtu wa kati, na hapa ndo pagumu. Mita 1.85 tu, kwenye ile kazi huyo ni mfupi, na wakati anatoka chuo wapo waliosema hatoweza. Ukisimama kati mbele yako wapo wazuiaji wawili mpaka watatu wamebanana bega kwa bega, hakuna nafasi ya kuzunguka popote, na timu pinzani ikijua wewe ni hatari inakupa watu wawili karibu kila mchezo. Mlinzi wa pembeni akipewa wawili mara nyingi ni kwa muda, mtu anamgonga kidogo alafu anaendelea na safari yake, lakini wa kati anabanwa na wawili toka mpira unatoka mpaka filimbi. Sasa fikiria mtu huyohuyo msimu wa 2018 anapata saki 20.5, hamna mlinzi wa kati mwingine aliyewahi kufika hapo. Kotabeki akiona mtu anatoka pembeni anaweza kupiga hatua mbele akaepuka na bado akarusha, ila mtu akitokea katikati hiyo hatua ya mbele haipo, anaona kifua cha mtu, anarudi nyuma, na hapohapo pasi imeharibika hata kama hakuangushwa. Ndo maana namba za saki peke yake zinamwonea Donald, kazi yake nyingi haiandikwi popote, inaonekana kwa kotabeki aliyerusha haraka kuliko alivyotaka.

Kwahiyo kama unataka kuelewa mchezo, kwangu Donald ndo darasa. Chukua mechi ya Rams na 49ers ya Oktoba 21, 2018, alipata saki nne, usiangalie mpira kabisa, mwangalie 99 tu. Angalia mikono yake, haishikwi. Mzuiaji akinyoosha mikono kumkamata kifuani Donald anaipiga pembeni na hatua ya kwanza keshaimaliza, kwa kilo zake 127 hivi. Kwenye vipimo vya kabla ya drafti alikimbia yadi 40 kwa sekunde 4.68, mtu wa kilo hizo! Mazoezi yake ya mikono yalifika mpaka ya kukwepa visu vya bandia mwalimu wake akimjia navyo, watu wengi waliona ile video wakadhani ni mbwembwe, ila ukiiangalia tena baada ya kumwona uwanjani unaelewa alikuwa anafundisha mikono yake nini.

Kwa mtu anayeanza kabisa lakini, hajui hata yadi 10 ni za nini, ningemwanzishia Watt. Mambo yake yanaonekana kwa macho. Ile mechi ya mtoano Januari 2012 dhidi ya Cincinnati Bengals, Watt akiwa bado mgeni kwenye ligi, kotabeki wao Andy Dalton anarusha mpira karibu kabisa na yeye, anaudaka kwa mikono yote miwili na anakimbia nao yadi 29 mpaka mwisho, Texans wanapata ushindi wao wa kwanza wa mtoano kwenye historia ya klabu. Au msimu wa 2014, huo ndo wa ajabu, saki 20.5 na bado akafunga mara tano, tatu kati ya hizo akiwa amewekwa upande wa mashambulizi kama mpokeaji, moja kwa kuiba pasi, moja kwa kuokota mpira uliodondoshwa. Kwenye kura za mchezaji bora wa ligi nzima alimaliza wa pili nyuma ya kotabeki Aaron Rodgers, na ile tuzo walinzi huwa hawaisogelei kabisa.

Kuhusu walikotoka. Watt ni wa Wisconsin, alianza chuo Central Michigan akicheza upande wa mashambulizi, hakuridhika, akaacha skolashipu akarudi nyumbani, akawa anapeleka piza majumbani huku anasubiri nafasi, akaingia University of Wisconsin bila skolashipu, akajilipia, na pale ndo akageuzwa kuwa mlinzi. Siku ya drafti mashabiki wa Houston waliokuwepo walimzomea. Donald ni mtoto wa Pittsburgh, baba yake alimwingiza kwenye vyuma toka mdogo, wanaamka alfajiri kabla ya shule wanashuka kwenye chumba cha chini cha nyumba wananyanyua, akasoma chuo cha mjini kwao na mwaka wake wa mwisho, 2013, akazoa tuzo kubwa nne za ulinzi za vyuo. Mmoja alichelewa kupata nafasi yake, mwingine alijua anasimama wapi toka utotoni.

Hili lina maana kwa vijana wetu, kwa sababu wengi wetu tunafika kwenye huu mchezo tumechelewa. Ezekiel Ansah wa Ghana alianza kuucheza akiwa tayari chuo, Brigham Young, mwaka 2010, na 2013 Detroit Lions wakamchukua wa tano kwenye drafti nzima, akawa mlinzi wa pembeni mwenye msimu wa saki 14.5. Mkenya Daniel Adongo alitoka kwenye raga moja kwa moja, Indianapolis Colts wakamsajili 2013 hajawahi kucheza mechi hata moja ya huu mchezo, na Desemba mwaka huohuo akaingia uwanjani, japo yeye hakuwa wa mstari wa mbele na hakudumu. Angalia wanapopelekwa watu waliochelewa: pembeni. Pembeni mwili na kasi vinaweza kukubeba wakati bado unajifunza, ila kati, ufundi wa mikono na miguu unahitaji miaka, na hapo ndo naona njia ya Watt inamfaa kijana mrefu aliyeanza na miaka 16 kuliko ya Donald. Ila kijana mfupi mnene mwenye nguvu ambaye kila mtu anamwambia hana urefu, huyo mpe video za Donald aangalie mpaka azikariri.

Mwili sasa. Hapa wazazi wasome taratibu.

Misimu mitano ya kwanza Watt hakukosa mechi hata moja, na kuanzia 2012 mpaka 2015 alipata saki 69, misimu minne ya hivyo kwa mlinzi ni adimu sana. Lakini alikuwa anacheza ameumia, Desemba 2015 alivunjika mkono na akaendelea kucheza umefungwa. Alafu mwili ukaanza kudai. 2016 diski ya mgongo, upasuaji, akarudi mapema, akaumia tena, mechi tatu tu. 2017 mfupa wa mguu chini ya goti ukavunjika kwenye mechi ya tano. Yani misimu miwili, mechi 8 kati ya 32. 2018 akarudi na saki 16, watu wakashangilia, 2019 msuli wa kifua ukachanika mechi ya nane. 2021 akiwa Arizona Cardinals ni bega, msimu ukaishia mechi ya saba. Na mwisho, mwishoni mwa Septemba 2022, moyo wake ukapoteza mapigo ya kawaida, madaktari wakaurudisha kwa shoti ya umeme, na Jumapili hiyohiyo akaingia uwanjani kucheza. Mtoto wake wa kwanza alizaliwa mwezi uliofuata, Oktoba. Msimu ulipoisha akastaafu akiwa na miaka 33, kapata saki 12.5 msimu wa mwisho, bado alikuwa mzuri.

Nampenda sana Watt lakini hilo la kurudi haraka simshauri mtoto wa mtu yeyote aliige.

Donald kwa miaka minane ya mwanzo hakuwahi kukosa zaidi ya mechi mbili kwenye msimu, na mojawapo ya hizo ilikuwa ni mgogoro wa mkataba wala sio jeraha. Kifundo cha mguu 2022 kilimtoa, akacheza mechi 11, akarudi 2023 akamaliza salama, na Machi 2024 akaaga ana miaka 32. Misimu 10, na kila msimu bila kuruka hata mmoja alichaguliwa Pro Bowl, yani kwenye orodha ya nyota wa msimu. Watt kwenye misimu 12 alichaguliwa mara 5. Ukiniuliza kilele cha nani kilikuwa juu zaidi nitakwambia Watt wa 2012 mpaka 2015, sibishani na mtu, ila ukiniuliza nani alifika kazini kila siku miaka kumi jibu ni Donald na halina mjadala. Na usisahau kichwa, watu wa mstari wa mbele wanagongana vichwa karibu kila mchezo, hata zile gonga ndogo ambazo hakuna anayeziona kwenye TV, na madhara ya ubongo kwa wachezaji wa huu mchezo yameshathibitishwa, kwahiyo anayesema anaacha akiwa bado ana nguvu mimi namheshimu.

Kwenye hela wote walifika mbali. Watt 2014 alisaini miaka sita kwa dola milioni 100. Donald alikuwa mgumu zaidi mezani, 2017 alikaa nje ya kambi nzima na mechi ya kwanza akidai mkataba mpya, akarudi akashinda tuzo ya mlinzi bora. 2018 akakaa nje tena, Agosti 31 akasaini miaka sita kwa milioni 135, na msimu huo ndo ule wa saki 20.5. Mtu hajafanya mazoezi ya kambi na timu miaka miwili mfululizo na miaka yote miwili ndo bora ligi nzima, hapo unajua anafanya nini akiwa peke yake. 2022 wakaurekebisha mkataba, milioni 95 kwa miaka mitatu, kwa mlinzi wa kati kuzidi milioni 30 kwa mwaka hiyo haikuwahi kutokea, na msimu wa tatu wa huo mkataba hakuucheza kabisa, aliuacha mezani akaenda zake.

Pete ya ubingwa. Watt hana. Texans wake hawakuwahi kuvuka raundi ya pili ya mtoano, na ile ya Januari 2020 kule Kansas City inauma mpaka leo, wanaongoza 24 kwa 0 alafu wanafungwa 51 kwa 31, na Watt alikuwa uwanjani karudi na kifua kilichoshonwa. Donald alipoteza fainali ya kwanza, 13 kwa 3 mbele ya Patriots, ila Februari 13, 2022 akaipata, Rams 23 Bengals 20. Dakika ya mwisho, Bengals wana jaribio la nne, ndo la mwisho, wanahitaji yadi moja tu, Donald anapita kati anamkamata kotabeki Joe Burrow anamzungusha, mpira unaachiwa hovyo unaanguka chini. Akakimbia akionyesha kidole cha pete. Kwa mtu anayejiuliza mlinzi wa kati anaweza kushinda fainali kwa mkono wake, jibu ni huo mchezo mmoja.

Nje ya uwanja ndo Watt anapomwacha mwenzake mbali. Kimbunga Harvey kilipoizamisha Houston 2017 alianza kuchangisha akilenga dola laki mbili, zikaja zaidi ya milioni 37, nyumba zikajengwa upya, watu wakalishwa, na ligi ikampa tuzo ya Walter Payton kwa kazi za kijamii. Ndugu zetu wanaoishi Houston wanajua lile jina lina uzito gani mtaani. Leo ni mchambuzi CBS, na yeye na mkewe Kealia, aliyechezea timu ya taifa ya soka ya Marekani, wana hisa Burnley toka 2023, kwahiyo mpenzi wa ligi ya Uingereza pengine keshamwona jukwaani bila kujua ni nani. Donald ni mkimya, ana taasisi yake na aliichangia sana chuo chake Pittsburgh, lakini kamera hazitafuti. Pia ana doa, Agosti 2022 kwenye mazoezi ya pamoja na Bengals ugomvi ulizuka akaonekana anazungusha kofia ngumu za wapinzani kwenye watu, jambo la hatari sana na mzazi ana haki ya kulitaja mtoto akisema anataka kuwa kama Donald.

Kwahiyo mimi nachagua Donald. Kwa kujifunza kazi yenyewe, mikono, hatua ya kwanza, uvumilivu wa kubanwa na wawili mechi nzima bila kukata tamaa, kulinda mwili na kujua siku ya kuondoka, namchagua yeye. Nitabadili jibu kwa watu watatu tu: anayeanza kuangalia leo na anataka kuupenda mchezo haraka, kijana mrefu aliyechelewa kuanza, na yule ambaye amenyimwa skolashipu anadhani ndo basi tena. Hao waanze na Watt.

Na kama bado huwezi kuamua, tafuta mechi ya mtoano ya Januari 17, 2022, Rams na Cardinals. Watt karudi toka upasuaji wa bega, Donald yuko upande wa pili na wiki nne baadaye atabeba kombe. Ilikuwa 34 kwa 11. 99 wawili uwanja mmoja, kila timu ikishambulia unaangalia wa upande mwingine, na ukifika robo ya tatu utakuwa umeshajua yupi unamwangalia zaidi.